Herufi ya Mwisho ya Mguu wa Shemeji

Jumatatu, 3 Machi

Nimemjibu Shemeji vibaya mezani. Neno lilikuwa bado mdomoni nikajua ni baya, na nikalitoa hivyohivyo.

Siku yenyewe ilikuwa nzuri. Mafaili sitini na moja, yote ya mifupa, yote ya marejeo, wagonjwa wanaorudi kuangaliwa. Kliniki inafanyika Alhamisi, mafaili yananifikia Jumatatu, na saa tisa nilikuwa nimemaliza. Miwani — mkuu wetu wa chumba cha rekodi za hospitali, ana miwani ya aina mbili, ya kusomea na ya kututazamia — alipita akasema hajui vidole vyangu vimetengenezwa na nini. Siri ninayo mwenyewe. Faili la marejeo silisomi. Nafungua ziara iliyopita, nabonyeza nakili, msimbo wa ugonjwa unajirudia, nabadilisha tarehe, basi. Mfupa wa mwezi uliopita ndio mfupa wa mwezi huu. Aliyevunjika muundi hawezi kurudi akiwa mgonjwa wa sikio.

Faili la Shemeji lilikuwa la arobaini na kitu. Kanuni inasema faili la ndugu yako apewe mwenzako. Mwenzangu yuko likizo ya uzazi tangu Desemba, sasa nimpe nani? Nikalipitisha kama mengine.

Jioni Dada akauliza, hivi mguu huu utapona lini? Wiki ya kumi na tano sasa, tangu mume wake aanguke kwenye ngazi akining'iniza bango jipya la ushonaji nje ya chumba cha mbele. Ngazi ilisimama, bango likasimama, yeye tu ndiye aliyekuja chini. Plasta wameitoa Alhamisi. Shemeji akasema maumivu bado yako ndani, kama msumari, na yule Sista wa kliniki amemwambia asikanyage.

Hapo ndipo nilipojifanya mjuzi. Nikamwambia, Shemeji, faili lako nimelifungua leo hii kwa mikono yangu. Kila mguu uliovunjika una msimbo, na mwisho wa msimbo kuna herufi. D, mfupa unapona kawaida. G, unachelewa. K, umekataa kuunga. Wewe ni D. Msumari unaousikia ni wa kudekezwa, mke wako anakubembeleza mno.

Dada alicheka sana. Shemeji naye alicheka, ila alichelewa kidogo. Kumbe mimi ni D, akasema. Haya, nashukuru, Daktari wa Makaratasi.

Alikula nusu sahani.

Jumanne, 4 Machi

Asubuhi Dada ameyapandisha magongo juu ya kabati, kule juu kabisa kwenye masanduku ya vitambaa. Mtu wa D hatembei na magongo, ndivyo alivyosema. Sasa ni neno la nyumba nzima, D.

Shemeji amevuka ukumbi akishika ukuta, akafika mlangoni, akarudi. Tulimpigia makofi. Jasho lilikuwa linamdondoka kidevuni.

Mchana ujumbe wa kliniki ukaingia kwenye simu yake. Arudi tarehe 10 Aprili, hali: anapona kawaida. Dada alinionyesha simu kama mtu anayeonyesha cheti cha mtoto. Nilifurahi. Nisijidanganye hapa — nilifurahi zaidi kwamba nilisema kweli kuliko kwamba anapona.

Jumapili, 9 Machi

Cherehani inalia tena chumba cha mbele. Sare za shule arobaini zimelala zimekatwa tangu Novemba, mwalimu anapiga simu kila siku mbili.

Kwanza alijaribu kukanyaga kwa mguu wa kushoto. Gurudumu likarudi nyuma, uzi ukakatika. Akatunga sindano, akajaribu tena, ukakatika tena. Huu mguu ni mgeni hapa, akasema, haujui kazi. Ndipo akaweka wa kulia, ule uliovunjika. Mshono mmoja, anasimama. Mshono mmoja, anasimama.

Nilipita na ndoo nikamwambia, Shemeji, mwanamume mzima unakanyaga kama unaogopa kumwamsha mtoto. Akanijibu bila kuinua kichwa: mwenye kovu usidhani kapoa. Nikamwambia methali hazimo kwenye faili. Dada aliyekuwa anafagia akaegemea ufagio kwa kicheko, akamwambia mumewe, umesikia? Kanyaga baba, watoto wa watu wanakwenda shule na nguo za nyumbani.

Akakanyaga hadi mchana. Mimi nikajilaza, nikawa nasikia mashine inaanza, inakatika, inaanza. Nilijua inakatika mno. Ningeweza kuinuka nikamwambia apumzike. Nikajifunika shuka.

Jumatano, 12 Machi

Nimeitwa kutoka mezani saa nne. Dada yuko mapokezi, kanga moja begani, nyingine imefungwa kwenye mguu wa Shemeji. Alikuwa anakanyaga, akasikia kitu kimelia ndani, kidogo tu, kama uzi unakatika. Alipoinuka mguu ukapinda mahali pasipo na goti.

Bingwa wa mifupa anakuja Jumatano mbili kwa mwezi, na leo kwa bahati alikuwepo. Akaiweka picha ya eksirei kwenye taa. Hata mimi niliona. Mstari mweusi katikati ya muundi, kutoka ukingo hadi ukingo, na pembeni hakuna kitu, hakuna hata wingu la mfupa mpya. Bingwa hakupandisha sauti. Alisema mfupa huu haujawahi kuunga, si leo, si mwezi uliopita. Kisha akauliza, nani alimwambia akanyage?

Dada akamjibu kuwa faili ndilo lililosema, na ujumbe tunao. Akampa simu. Bingwa akasoma, akamrudishia. Akamuuliza mtu asiyekuwepo chumbani: kwa nini jina la huyu halikuja kwenye orodha yangu? Nimekaa hapa Jumatano baada ya Jumatano tangu Januari.

Orodha yake, kama ule ujumbe wa simu, inachotwa na kompyuta kwa kufuata herufi. Inachukua wenye G na K. Mimi najua hilo, Miwani anajua hilo. Nilikuwa nimesimama kando ya pazia na kitambulisho cha kazi kifuani. Nikakigeuza, jina likatazama ndani.

Upasuaji ni Alhamisi ijayo, tarehe 20. Chuma na skrubu, na mfupa kidogo wa kuchota nyongani. Bingwa hakuficha: atatembea, akijaliwa, lakini kukanyaga mashine kutwa hamwahidi. Kifundo kimekaa muda mrefu, misuli imekwisha, na mguu unaweza kubaki mfupi. Shemeji akamwambia, daktari, wanasema ng'ombe akivunjika guu hurejea zizini, mimi nimevunjikia zizini humohumo. Bingwa akacheka. Dada akacheka huku anafuta macho.

Sikuweza. Nimerudi mezani nikakaa mbele ya skrini bila kugusa kitu hadi saa ya kutoka.

Alhamisi, 13 Machi

Nimelifungua. Safari hii nimesoma.

5 Desemba. D. Mwenzangu ndiye aliyeandika kabla hajaenda likizo, na ilikuwa sawa, mfupa ulikuwa na wiki mbili tu.

16 Januari. Mwandiko wa Sista, karatasi imepigwa picha ikatiwa kwenye faili: *Maumivu akigusa chini. Mfupa mpya hauonekani. Aonwe na bingwa mapema.* Herufi: D. Yangu.

27 Februari. Sista tena: *Bado haujaunga. Plasta imetolewa kwa sababu ya vidonda vya ngozi. Asikanyage kabisa. Aonwe na bingwa haraka.* Neno haraka amelipigia mstari mara mbili, wino umetoboa karatasi. Herufi: D. Yangu.

Kompyuta inatunza na muda. Ziara ya Januari, sekunde kumi na moja. Ya Februari, sekunde tisa. Mimi niliyelala chini ya paa lake miaka kumi na sita nilimpa sekunde tisa.

Na nikaja kumsimanga kwa hizohizo. Hilo ndilo linalonila. Sikumwambia alichosema daktari, sikumwambia alichosema Sista. Nilimwambia nilichobonyeza mwenyewe mchana ule, nikamwapia kama kitabu. Yeye mwenye mguu alisema unauma. Mimi mwenye kipanya nikasema hauumi.

Nimebaki hadi saa kumi na mbili nikisoma marejeo yote ya tangu Januari, mstari kwa mstari. Nimewapata wengine watatu. Bibi mmoja wa nyonga, dereva, na mwalimu wa michezo. Nimewabadilisha, ujumbe umeshawafikia, wataonwa. Wana bahati. Hawakuwa na shemeji wa kuwaambia wakanyage.

Ijumaa, 14 Machi

Nimemwambia Miwani. Alifunga mlango, akabadilisha miwani.

Alinisikiliza hadi mwisho, sina neno. Kisha akasema nisilie juu ya kibodi, ni mpya. Akasema nisahihishe. Niweke G Januari, K Februari, nifunge. Herufi za zamani zitakwenda kwenye kumbukumbu anayoifungua yeye peke yake. Hakuna atakayeuliza, na akiuliza, kliniki ndiyo itakayojibu.

Nikamuuliza, Sista je? Akasema Sista ana chama chao, atatetewa. Sisi wa makaratasi nani atatutetea? Alipoona sijaondoka akashusha sauti. Akanikumbusha kuwa yeye ndiye aliyenisifia mwendo wangu mbele ya mkurugenzi, mara mbili, na hata akasema wengine waje wajifunze kwangu. Kwa hiyo na yeye yumo. Nimemwelewa?

Nimemwelewa.

Nikasahihisha. Ilichukua muda mfupi kuliko kosa lenyewe. Sasa faili ni safi. Mtu akilifungua leo ataona mgonjwa aliyekuwa na G tangu Januari na K Februari, na kliniki ikamwambia aende, arudi baada ya wiki sita. Sista aliyeandika kweli ndiye anayeonekana mzembe, na herufi zangu zinaonekana zilimwonya. Nimefanya hivyo mimi, nikiwa na akili zangu timamu, kabla ya chai ya saa nne.

Jumamosi, 15 Machi

Wodi ya pili, kitanda cha dirishani. Mguu umening'inizwa na uzito. Shemeji anawashonea wenzake kwa mkono, leo alikuwa na shati la jirani yake, anarudishia vifungo. Amesema sindano haihitaji mguu.

Dada alikwenda kuchukua maji ya moto. Tukabaki wawili. Akamaliza kifungo, akakata uzi kwa meno, akaniuliza taratibu: Shemeji, hizo herufi, ni nani anayeziandika?

Nikamwambia tuko wengi.

Akanitazama. Mtu huyu amenitania tangu nina miaka ishirini na mbili, anajua uso wangu kama anavyojua vipimo vya wateja wake. Akasema, haya. Akanyoosha shati, akatafuta kifungo kingine.

Tuko wawili tu, na mmoja ananyonyesha nyumbani kwake.

Jumapili, 16 Machi

Nimeandika barua ya mashtaka. Siamini mkono huu.

Dada alianza asubuhi, hata chai hajanywa. Kwamba hili halipiti hivihivi. Kwamba ule ujumbe umetoka kliniki, na anayeendesha kliniki ni nani kama si yule Sista? Nikamwambia, Dada, labda si yeye. Shemeji mwenyewe alisema Sista alimwonya. Akanijibu: akuonye asikanyage, halafu akutumie ujumbe kuwa unapona kawaida, urudi baada ya wiki sita? Huyo ni mtu au kinyonga?

Sikuwa na jibu. Yaani nilikuwa nalo.

Akaniwekea karatasi na kalamu mbele yangu. Wewe ndiye unayejua lugha yao, mdogo wangu. Andika wewe, mimi nitatia sahihi. Hapo akanimaliza. Mama alipofariki mmoja wetu ilibidi akae nyumbani na mmoja aendelee na shule. Dada alikuwa wa kwanza darasani, mimi nilikuwa wa ishirini na tatu. Alikaa yeye. Lugha yao ninaijua kwa sababu hiyo tu.

Nikaandika. Yeye anasema, mimi naipamba. Aliposema hana haya, nikaandika amekosa uadilifu. Aliposema amemmaliza mume wangu, nikaandika amemsababishia ulemavu unaoweza kuwa wa kudumu. Barua nzuri. Sijawahi kuandika nzuri kama hiyo. Dada akaomba nimsomee mara mbili, akasema hasa, hasa, hivyo hivyo. Akatia sahihi polepole, ulimi umetoka kidogo pembeni kama msichana wa darasa la tano.

Kila sentensi nilijua inamwangukia nani na ingepaswa kumwangukia nani. Niliweka hata nukta vizuri.

Jumatatu, 17 Machi

Barua imefika. Mafaili ishirini na mawili tu leo. Nimesoma yote. Miwani ameniuliza kama ninaumwa.

Jumanne, 18 Machi

Sista amekuja rekodi.

Sikuwahi kumwona karibu. Mfupi, mkono mmoja una unga mweupe wa plasta hata anapokuwa si kazini. Ameondolewa kliniki hadi kamati ikutane. Aliomba nakala ya maandishi yake ya mgonjwa fulani, akataja namba. Sikuhitaji kuitafuta, ninayo kichwani.

Nikamchapia. Akasoma amesimama, kidole kikifuata mistari, kilipofika kwenye haraka kikasimama. Akasema amekesha usiku kucha akidhani labda alisahau kuandika. Umri huu mtu anasahau. Nikamwambia hukusahau. Sauti yangu ilitoka ya mtu mwingine.

Kisha akasema kitu nisichokitegemea. Ile Alhamisi ya Februari, asubuhi, kabla hajamshika mgonjwa, aliona kwenye skrini imeandikwa D, akashangaa, ndiyo maana akapiga mstari mara mbili. Sasa anaangalia karatasi hii inasema G tangu Januari. Je, kompyuta inaweza kujibadilisha?

Nikasema sijui.

Alikunja karatasi mara nne. Akaniuliza, nasikia una ndugu yako wodi ya pili? Nikasema ndiyo, shemeji yangu. Akasema pole sana. Ni mgonjwa mstaarabu, alimshonea yeye Sista mfuko wa koti lake la kazi siku ya kwanza akiwa kwenye foleni. Akaondoka.

Pole! Yeye ndiye anayenipa pole.

Jumatano, 19 Machi

Nimejaribu. Dada alikuwa uani anafua mashuka ya Shemeji, mgongo umenielekea. Nilisimama mlangoni nikaita, Dada. Akaitika, abee. Maneno nilikuwa nimeyapanga njia nzima kutoka kazini, manne tu: *ni mimi niliyeandika D*. Hesabu si manne hata, ni matatu na herufi.

Akageuka. Povu hadi kwenye viwiko. Amekonda.

Nikamuuliza sabuni ya kuogea iko wapi.

Alhamisi, 20 Machi

Benchi la nje ya chumba cha upasuaji. Nimeomba ruhusa kazini. Shemeji ameingia saa mbili na nusu. Alivyokuwa anasukumwa aliniambia nikamwangalizie cherehani, niitie mafuta, isipate kutu. Itapata vipi kutu, nikasema, utaikanyaga mwenyewe. Akasema: hilo limo kwenye faili? Kwa utani kabisa. Nadhani kwa utani.

Saa nne. Hakuna aliyetoka. Mlango una kioo cha mviringo kilichopakwa rangi nyeupe, huoni kitu, unaona tu kama taa imewaka.

Dada amesinzia begani kwangu. Hajalala usiku. Kichwa chake ni kizito, mkono wangu wa kushoto umekufa ganzi, siusogezi. Hivi ndivyo mimi nilivyokuwa nalala kwake, nikiwa na miaka saba, wageni wa msiba wakipita.

Kamati inakutana leo saa nane. Walimpigia Dada jana jioni. Ataketi upande mmoja, Sista upande mwingine, na mkurugenzi katikati. Dada ameomba mimi ndiye nimsemee, kwa kuwa lugha yao naijua, na wamekubali. Miwani naye atakuwepo na faili. Faili safi. Asubuhi alinipitia hapa benchini akanigusa bega, akasema Mungu atamsaidia mgonjwa, na kwamba nikumbuke tulichozungumza.

Nikisema ya barua, Sista anapoteza kliniki aliyokaa nayo miaka ishirini. Nikisema yaliyotokea, napoteza kazi, hilo nimeshalimeza, lilipita kooni tangu juzi. Lisilopita ni Dada. Si kwamba atanipiga au atanifukuza. Ningeomba anifukuze. Ni kwamba atakumbuka yeye ndiye aliyeyapandisha magongo juu ya kabati, yeye ndiye aliyesema kanyaga baba, na alifanya hivyo kwa sababu mdogo wake msomi alimwambia. Atajilaumu pamoja nami. Maisha yake yote amekuwa akibeba mizigo yangu, na huu nao ataubeba.

Lakini nikikaa kimya anaubeba Sista. Na Shemeji anajua. Nina hakika anajua. Amenyamaza ili mimi nipate nafasi ya kusema mwenyewe, na kila siku ninayokaa kimya anazidi kunyamaza.

Saa nne na nusu. Muuguzi ametoka, akasema chuma kimeshaingia, sasa wanachota mfupa wa nyonga. Mambo yanakwenda. Akarudi ndani.

Dada ameamka kwa sauti ya mlango. Nimemweleza. Amefuta uso kwa ncha ya kanga, akasema Mungu ni mkubwa, akajinyoosha mgongo. Sasa analitazama hili daftari. Anauliza ndiyo yale tutakayosema saa nane? Kalamu bado inakwenda, sijui nimjibu nini, naandika tu ili nisiinue macho.

Amesogea karibu, ameweka mkono gotini kwangu. Tuna muda, anasema. Nimsomee kuanzia mwanzo.